Amekufaje Safari Hii?

Baba yetu, Bassou, alifariki mwezi wa Novemba 1995 akiwa kazini. Kazi yake ilikuwa kufa. Wageni wanaokuja Ouarzazate kutengeneza sinema za zama za kale walimchukua kuwa askari, mtumwa au mchungaji wa pembeni, na karibu kila mara walimuua kabla sinema haijafika katikati. Alikuwa akijivunia jambo hilo. Sinema yake ya mwisho ilikuwa ya bei ya chini, ya askari wa Kirumi wanaopigana na dinosaria.

Kaka yangu Zaid alikuwa Ufaransa bila kibali, anangoja kesi yake isikilizwe. Kama angetoka nchi ile, asingeruhusiwa kurudi. Tulipotoka makaburini Mama alimwita jirani yetu Ichou na Hmad mwenye duka, akasema mbele yao na mbele yangu: "Zaid haambiwi. Akisikia atakuja, na akija amekwisha. Siku atakayopata kibali, nitamwambia mwenyewe."

Mama hajui kusoma wala kuandika. Mimi ndiyo kwanza nilikuwa nimemaliza shule. Barua zikawa juu yangu.

*

Gennevilliers, 12 Novemba 1995

Itto, mdogo wangu mwenye haya,

Salamu zikufikie wewe kwanza kwa kuwa ndiye unayefungua bahasha, kisha Mama, kisha Baba, kisha yeyote anayesimama mlangoni kwetu akauliza kama bado nipo duniani. Nipo. Baridi imeanza kuuma masikio. Kazi ya kubeba makreti ya matunda sokoni inaendelea, karatasi zangu ziko ofisini kwa wakubwa, na zaidi ya hapo usiniulize.

Barua yako ya Oktoba niliwasomea wenzangu chumbani. Brahim wa Tinghir alicheka hadi akamwaga chai kwenye godoro langu. Warumi na dinosaria! Nani alimwambia huyo mwongozaji wenu kwamba walikutana? Mwalimu wetu wa historia angeomba likizo ya ugonjwa. Na hilo jina mlilompa yule mnyama, Bi Harusi, kwa sababu asubuhi analetwa amebebwa na wanaume wanane huku amefunikwa shuka, hapo nimemjua Ichou. Hakuna mwingine wa kubuni upuuzi huo.

Sasa swali langu la kila barua. Baba amekufaje safari hii? Usiniandikie mstari mmoja. Nataka kujua ameanguka upande gani, amesema nini, na kama ametumia kile kikohozi nilichomshauri tangu ile sinema ya Mafarao. Mwambie mtu asiyekohoa hafi, anasinzia tu.

Kaka yako,
Zaid

*

Ouarzazate, 10 Desemba 1995

Kaka Zaid,

Mama anakusalimu sana. Ichou anakusalimu, Hmad wa duka pia. Mimi ni mzima. Mvua ilinyesha kidogo wiki iliyopita ikaharibu rangi ya ukuta wa Roma, lakini ilikuwa Roma ya plasta na sasa kondoo wa watu wa ng'ambo ya mto wanalala humo. Nisamehe kwa kuchelewa kujibu. Nilikuwa na kazi nyingi kwa Lalla Kebira, fundi wa mavazi aliyenichukua. Tulikuwa tunashona sketi za askari. Wanaume walizilalamikia, wanasema upepo hauna adabu.

Umeuliza walikutanaje. Mkalimani alitueleza kwamba Warumi walichimba kisima wakavunja mayai yaliyokuwa yamelala chini tangu kuumbwa kwa dunia. Bi Harusi ameundwa kwa sifongo na mpira juu ya mifupa ya chuma, na mifupa hiyo imefungwa kwenye fremu ya trekta bovu. Shingo yake inavutwa kwa waya na watu wanaojificha nyuma ya mawe. Meno yalikuwa ya plasta na mawili yalivunjika siku ya kwanza, kwa hiyo wanampiga picha upande mmoja tu.

Umeuliza Baba amekufaje. Aliangukiwa na shingo ya Bi Harusi. Alianguka chali. Ichou alikuwa maiti wa karibu yake na anasema hajawahi kumsikia Baba akifa vile. Wageni walipiga makofi. Baada ya siku hiyo hakurudi tena uwanjani.

Kula vizuri na uvae soksi mbili.

Mdogo wako,
Itto

*

Gennevilliers, 20 Januari 1996

Itto,

Ramadhani inaingia keshokutwa na mimi nitafuturu kwa tende za kopo na supu ya Brahim, ambayo ni maji yaliyotishwa kwa dengu. Niombeeni. Wasalimie wote nyumbani, na mwambie Mama nimemwota akinikaripia, kwa hiyo nimepona mafua.

Barua yako ni nzuri lakini kavu kama mkate wa juzi. Baba ameangukiwa na Bi Harusi, wageni wamepiga makofi, basi? Mzee huyo huwa na neno lake mwishoni mwa kila barua, hata kama ni tusi. Mara ya mwisho aliniambia kwamba huko niliko watu hawafi vizuri kwa sababu wanavaa makoti mengi. Safari hii hakuna hata tusi.

Nimeongea na wenzangu hapa, wote wanatumiwa kaseti kutoka kwao. Kaa na redio yetu ya kaseti, mrekodi Baba, aongee anachotaka. Aimbe, anitukane, akohoe. Nataka kusikia sauti.

Binamu yake Brahim anakuja huko na gari, nimempa koti la sufu amletee Baba. Litamfaa alfajiri anapokwenda kupanga foleni ya kuchaguliwa. Mwambie asilivae kwenye sinema, Warumi hawakuwa na vifungo.

Zaid

*

Ouarzazate, 27 Februari 1996

Kaka Zaid,

Heri ya Idi, ingawa imeshapita. Tulipika kidogo. Mama alitengeneza zile chapati nyembamba za siagi unazozipenda, akaweka yako pembeni kama kawaida, na kama kawaida nikaila mimi.

Koti limefika. Ni zuri na zito. Mama ndiye anayelivaa asubuhi anapokanda unga, na akimaliza halivui. Nilimwambia litaingia mafuta, akaniambia nikashone sketi zangu.

Kuhusu kaseti, redio yetu imeharibika. Ichou amesema ataitazama.

Mama yuko hapa pembeni yangu na anataka niandike maneno haya: Baba yako anakusalimu, anasema fanya kazi, shikilia karatasi zako, usiondoke huko mpaka ziwe mkononi. Nimeandika alivyosema.

Sinema ya Warumi imekwisha na wageni wameondoka. Bi Harusi ameachwa nyuma ya ghala, sifongo inachunwa na watu kwa ajili ya magodoro. Lalla Kebira ananifundisha kukata ngozi. Anasema nina mkono mtulivu kwa sababu sisemi.

Itto

*

Gennevilliers, 21 Aprili 1996

Itto,

Nawasalimu. Leo sina mzaha mwingi.

Jumatatu nilipanga foleni kwenye kibanda cha simu nikapiga dukani kwa Hmad. Nikamwambia aniitie Baba.

"Yuko kazini," akasema.

"Sinema gani tena?"

"Hii ya... manabii."

"Nabii gani?"

"Zaid, mwanangu, mimi nauza sukari. Manabii nitawajulia wapi?"

Kisha akasema laini ni mbaya, na laini ilikuwa safi kabisa, maana nilikusikia wewe nyuma yake ukiomba chachu ya mkate. Nilikujua kwa sababu uliomba mara mbili, hakuna anayekusikia mara ya kwanza. Nikasema, "Nipe Itto." Akakata.

Ulikuwa umesimama pale. Mbona hukushika simu?

Nimefikiri sana, na nadhani nimejua. Baba amenikasirikia. Miaka mitatu amenificha hasira yake kwa utani na sasa utani umemwishia. Niliondoka nyumbani yeye akiwa uwanjani, sikumngoja arudi, nilijua ningemwona nisingeondoka. Kama ni hilo, aniambie. Mtu akikasirika na mwanawe anamtukana, hanyamazi. Mwambie nasubiri tusi.

Zaid

*

Ouarzazate, 12 Mei 1996

Kaka Zaid,

Idi Kubwa imepita salama. Ichou alituchinjia kondoo wetu, akaukata mguu wa nyuma vibaya, Mama akamwambia hata kwenye sinema hawampi kisu.

Nilikuwepo dukani. Niliogopa simu.

Baba hana hasira nawe. Hili ninaliandika mimi, si Mama, na ninaapa kwa Mungu. Alipokuwa akivaa kofia yake ya chuma kwa Lalla Kebira, alikuwa akimweleza kila mtu kwamba ana mwana Ufaransa. Mpaka Lalla Kebira akamwambia, "Bassou, mwanao tumemjua, sasa kaa wima nikufunge mkanda." Siku uliyoondoka alirudi, akatazama msumari uliokuwa ukitundikia begi lako, akasema, "Kijana ana akili, amenikwepa." Kisha akala. Nilimwona akila, na alikula vizuri. Sikuwahi kukuambia kwa sababu hukuwahi kuuliza.

Sasa na mimi nina swali, tafadhali usilipite. Karatasi zako zimefika wapi? Kesi ni lini? Kila barua unasema ziko ofisini. Nahitaji kujua tarehe. Siwezi kukuambia kwa nini.

Itto

*

Gennevilliers, 18 Agosti 1996

Itto, Mama, Ichou, Hmad muuza sukari, mji mzima,

Najua nimekaa miezi mitatu bila kuandika. Nisameheni, na msinisamehe sasa, ngojeni kwanza msikie.

Tumeiona!

Jumapili moja mwezi uliopita Brahim alikuwa akipekua kwenye soko la vitu vikuukuu, akakuta kanda ya video yenye kofia ya Kirumi na mdomo wa mjusi kwenye jalada. Akageuza nyuma, akaona picha ndogo ya kasri letu la Taourirt nyuma ya bega la Mrumi. Aliileta akikimbia. Tukaazima mashine chumba cha chini, tukakaa watu kumi na zaidi kwenye zulia mchana kweupe, mapazia tumefunga.

Itto, ni mbaya. Sijawahi kuona kitu kibaya hivyo. Wanaongea Kifaransa na midomo inasema kitu kingine. Bi Harusi anaonekana upande mmoja tu kama ulivyosema, na sehemu moja niliona kabisa gurudumu la trekta. Jemadari wa Roma ana saa mkononi. Tulikuwa tumeshachoka mbavu kwa kucheka kabla Baba hajatokea.

Halafu akatokea. Mara mbili amebeba mkuki, mara ya tatu ndipo anakufa. Waambie watu wa huko kwamba nimewahi kumwona akifa kwa mshale, kwa maji, kwa sumu na kwa kuangushwa na ngamia, na zote hizo zilikuwa mazoezi. Shingo inamshukia kifuani, na yeye, badala ya kulala kama wenzake, anaanza kupigana nayo. Anaisukuma. Anapiga mchanga kwa kiganja. Anakohoa, kikohozi changu! Kisha anasema kwa lugha yetu kabisa, "Nitoeni jamani, nitoeni," na anamwita Mama kwa jina. Wale wa chumba cha chini waliuliza kama ni Kilatini. Mimi na Brahim tulianguka. Na yule maiti wa pembeni, mabega yanatikisika kwa kicheko, nani kama si Ichou?

Tumeirudisha nyuma sijui mara ngapi. Sasa imekuwa desturi, kila Jumapili wanakuja na karanga zao na kusema, "Tuwekee mzee wako." Nawaambia huyo ni baba yangu, na wananipa mkono.

Mwambie hivyo. Mwambie sasa nimejua hana hasira, mwenye hasira hawezi kufa kwa moyo namna ile. Mwambie mwanawe aliona, na alijivuna.

Zaid

*

Ouarzazate, 3 Septemba 1996

Kaka Zaid,

Nakusalimu. Mama ni mzima. Kama uko na watu, toka nje usome peke yako.

Baba amefariki. Alifariki tarehe 7 Novemba mwaka jana, na unachokitazama kila Jumapili ndicho kilichomuua.

Nitakueleza kama nilivyoelezwa na nilivyoona. Waya wa kuvutia shingo ulikatika. Shingo ilipaswa kusimama juu yake, sifongo imguse tu, lakini ilishuka yote na chuma chake. Unaijua kanuni ya uwanjani, ulishawahi kuwa maiti wewe pia. Aliyekufa hainuki mpaka filimbi ipigwe. Akiinuka mmoja, wote wanarudia kwenye jua, na aliyeinuka haitwi tena kesho. Wafu walikuwa wengi pale na wote walilala.

Baba alipopiga kelele hakuna aliyeshtuka, kwa sababu kelele ndiyo ilikuwa sifa yake. Ichou alikuwa amelala umbali wa mkono mmoja. Aliniambia haya mlangoni kwetu, ameshika kofia, hakuingia: "Nilimwambia, 'Bassou punguza, utatuvunja mbavu.' Nilikuwa nimefumba macho, Itto, maiti nitafumbuaje macho? Aliponiita jina nikadhani ananichekesha ili niharibu. Alishawahi kunifanyia hivyo katika ile ya Mafarao."

Mabega uliyoyaona ni ya Ichou, ni kweli. Hajafanya kazi ya sinema tena tangu siku ile.

Mwongozaji hakupiga filimbi. Alipendezwa, akawaonyesha wapiga picha kwa mkono waendelee. Mimi nilikuwa kwenye hema la mavazi nikishona. Nilisikia makofi. Lalla Kebira akasema, "Huyo ni baba yako tu, nani mwingine anapigiwa makofi kwa kufa." Nilitabasamu, nikaendelea kushona. Kisha filimbi ikalia, wafu wote wakainuka wakijipangusa mchanga, na yeye hakuinuka. Mwongozaji alikwenda kumpa mkono.

Nilidhani wameikata sehemu ile. Mkalimani alituambia imetupwa, kwa heshima ya familia. Wageni walileta koni kubwa za sukari za rambirambi siku ya tatu, wakakaa kidogo, wakanywa chai.

Uliniuliza Desemba amekufaje. Nilikuandikia kila kitu isipokuwa neno moja. Sikuweza kukuandikia uongo na sikuruhusiwa kukuandikia ukweli, nikadhani nikiandika yaliyotokea tu utaelewa, au hutaelewa, na vyovyote itakavyokuwa si mimi niliyesema. Ulipolalamika kwamba barua ni kavu nilifurahi na nilitamani kufa. Redio haijaharibika. Salamu za Februari zilikuwa za Mama.

Mama aliamua usiambiwe mpaka upate kibali. Alikaa eda yake yote kwenye chumba cha nyuma, amevaa nyeupe, na hakulia hata siku moja mbele ya mtu. Alisema atalia na wewe. Hajui kama nakuandikia. Nilipomsomea barua yako ya Agosti niliishia kwenye gurudumu la trekta, nikasema imekwisha.

Naomba jambo moja tu. Usiwaruhusu tena kuitazama.

Itto

*

Gennevilliers, 29 Septemba 1996

Itto,

Wasalimie.

Barua yako ilifika Alhamisi. Nilitoka nje nikaisoma kama ulivyosema, karibu na mapipa ya taka, kisha nikaenda kazini. Makreti yalikuwa ya zabibu.

Jumapili wale wa chini waligonga na karanga zao. "Leo hatumwoni mzee wako?" Kukataa kungenibidi niseme sababu, na nikisema sababu, chumba chote kingekumbuka jinsi kilivyocheka, na mimi ndiye niliyecheka kuliko wote. Nikawawekea. Nilitazama miguu yao. Mmoja soksi yake ilikuwa na tundu. Ilipofika pale walipiga makofi na Brahim akanipiga bega. Walipoondoka niliitoa kanda nikaivuta utepe wote mpaka chumba kikajaa. Brahim aliuliza kama nina wazimu, nikasema mashine imeila.

Uliniuliza tarehe ya kesi na nikalipita swali. Ombi la kwanza walilikataa tangu Machi. Sikuwaandikia kwa sababu nilitaka Baba asijue. Sasa wamekubali kunisikiliza tena, tarehe 17 Oktoba, na wakili anasema safari hii kuna matumaini.

Nitakuambia kitu ambacho sitamwambia mtu mwingine. Nilipofika mwisho wa barua yako, pale kwenye mapipa, wazo la kwanza lililonijia lilikuwa tarehe 17. Si Baba. Niliwaza: alhamdulillah hawakuniambia mapema. Halafu ndipo nikamkumbuka yeye, na kiganja chake kwenye mchanga.

Mama alificha jambo lile miezi kumi kwa sababu alikuwa na hakika kwamba ningeacha kila kitu nikaja. Alinidhania mema mno. Nisingekuja, Itto. Na sasa siji. Nikipata kibali nitakuja kiangazi, kama wote, na zawadi. Msiningoje kabla ya hapo.

Na wewe uliniacha nicheke. Najua ulivyo, najua hukuweza. Lakini uliniacha.

Zaid

*

Ouarzazate, 27 Oktoba 1996

Kaka Zaid,

Nakusalimu. Natumai tarehe 17 imekwenda vizuri. Ni kweli nilikuacha ucheke, na sitajitetea.

Barua yako ililetwa dukani, na Hmad aliileta mwenyewe mpaka ndani badala ya kunipa mimi, kwa hiyo Mama aliiona. Nilikuwa natoka kwa Lalla Kebira, mikono ina gundi. Mama alikuwa amekaa kwenye mkeka na bahasha mapajani.

"Ulimwambia," akasema.

Alijua kwa sababu nilikuwa nimeacha kula pamoja naye.

"Basi nisomee."

Nilifungua. Nilisoma salamu kama ulivyoziandika. Kisha nikafika kwenye mapipa na makreti, nikasimama. Akadhani nalia, akaningoja kwa upole, jambo ambalo halijui sana. Nikaendelea. Lakini sikuwa nikisoma tena. Nilisema umeandika kwamba ulikaa siku tatu bila kwenda kazini. Kwamba Brahim aliwakusanya watu wa kwetu wote walioko huko, wakamsomea Baba hitima chumbani, na kwamba ulitaka kupanda basi usiku uleule na wenzako ndio waliokushika. Nilisema unamshukuru kwa kukuokoa na nafsi yako. Sikuwahi kusema maneno mengi hivyo kwa mara moja. Nilishangaa jinsi yalivyotoka.

Mama alisikiliza mpaka mwisho, macho yake kwenye karatasi.

"Amelia?" akaniuliza.

Nikasema, "Amelia sana. Karatasi imelowa, tazama," nikamwonyesha alama ya gundi ya kidole changu.

Akaigusa. Kisha akavuta koti juu ya kichwa chake na akaanza. Tangu Novemba ile hakuwa amelia, na mimi sikujua kwamba mtu anaweza kuwa na sauti ile ndani yake mwaka mzima na bado akakanda unga. Ichou aliisikia akaja mpaka mlangoni, na safari hii aliingia. Majirani wakaja. Walikaa naye mpaka magharibi, kama ilivyopaswa kufanywa zamani.

Leo amelala. Ameamka mara moja akaomba chai, akasema, "Sasa mwanangu na mimi tumemzika."

Kama hukulia, usiniandikie.

Itto